Pasipoti Huanzia kwa Mwenyekiti wa Mtaa

Mtu wa Tandale akiambiwa atafute pasipoti, akili yake hukimbilia Kurasini. Anaamka alfajiri, anabadilisha daladala, anafika Uhamiaji na bahasha ya kaki mkononi, na kabla jua halijakaza yuko njiani kurudi kwa sababu cheti cha kuzaliwa kinasema Mwanahamisi Juma na kitambulisho kinasema Mwanahamis Jumaa. Kurasini ni pa kumalizia. Faili la pasipoti hujengwa huku nyumbani, kwa mjumbe, kwa mwenyekiti na kwa mtendaji, kisha kwa msajili wa vizazi na kwa NIDA, wanaotoa kitambulisho cha taifa. Afisa wa Uhamiaji hulisoma na kuuliza pale panapovuja. Ukizifuata ofisi hizo kwa mpangilio wake, siku yako ya Kurasini itakuwa fupi. Ukianzia Kurasini utazizunguka zote vilevile, ila kwa hasira na kwa nauli maradufu.

Maelezo haya ni ya mkazi wa Tandale. Mtu wa Manzese, Mburahati, Keko au Mbagala abadilishe majina ya mitaa tu, mengine ni yale yale.

Tuanze na fedha, maana ndizo zinazoamua uanze lini. Pasipoti ya kawaida ni shilingi 150,000: shilingi 20,000 za fomu, unazolipa mwanzoni, na shilingi 130,000 za kitabu chenyewe. Bei hiyo ilikuja na pasipoti ya kielektroniki, ile yenye chipu ndani, iliyozinduliwa na Rais John Magufuli tarehe 31 Januari 2018. Ya zamani ilikuwa shilingi 50,000. Kitabu kinadumu miaka 10, kwa hiyo ukigawanya ni shilingi 15,000 kwa mwaka. Hesabu hiyo inapendeza kwenye karatasi. Mama anayeuza maharage Soko la Tandale hana miaka 10 ya kugawanyia. Kwake 150,000 ni mtaji unaotoka kwa mkupuo. Ndiyo maana ushauri wangu wa kwanza ni huu: usilipie fomu kabla karatasi zako hazijakamilika. Elfu ishirini ikishaingia serikalini usitegemee kuiona tena kwa sababu cheti cha baba yako kimekosekana. Na weka pembeni akiba ya picha, kopi, kiapo na nauli, kwa sababu hizo ndizo zinazokula watu bila kujua.

Karatasi zenyewe si nyingi. Unahitaji cheti chako cha kuzaliwa, cheti cha kuzaliwa cha mzazi wako mmoja au kiapo cha kuzaliwa kwake, kitambulisho cha taifa au namba yake, picha ya pasipoti, na ushahidi wa safari au shughuli inayokupeleka nje. Ukitazama orodha hiyo utaona haina ugumu wowote. Ugumu uko katika kuzifanya karatasi hizo tano zizungumze habari za mtu mmoja.

Kwa mwenyekiti

Barua ya utambulisho ya serikali ya mtaa ndiyo karatasi ya kwanza kuitafuta, hata kama hukuiona kwenye orodha niliyotaja. Utaihitaji kwa msajili wa vizazi kama huna cheti. Fomu ya NIDA haipiti bila muhuri wa mtaa. Wakili anayekuandikia kiapo atafurahi kuiona, na afisa wa Uhamiaji akitilia shaka makazi yako, hiyo ndiyo atakayoidai. Kuwa nayo mapema ni kuokoa safari.

Jua kwanza mtaa wako. Kata ya Tandale ina mitaa sita: Kwa Tumbo, Mkunduge, Mtogole, Muhalitani, Pakacha na Sokoni. Watu wengi hutaja kituo cha daladala wakidhani wametaja mtaa. Mtu anakwambia anakaa Mtogole kwa sababu hapo ndipo anaposhukia, kumbe chumba chake kiko upande wa Pakacha, na ofisi aliyokwenda kupanga foleni haina jina lake kwenye daftari. Muulize mwenye nyumba. Yeye ndiye anayejua anakopiga kura ya mtaa na anakopeleka kesi za maji taka.

Ofisini utakuta watu wawili wenye mamlaka tofauti. Mwenyekiti wa mtaa amechaguliwa na wakazi. Uchaguzi wa mwisho ulikuwa tarehe 27 Novemba 2024. Mtendaji wa mtaa ni mwajiriwa wa Halmashauri ya Manispaa ya Kinondoni. Mwenyekiti anakufahamu, mtendaji anaandika. Barua yenye sahihi na muhuri wa ofisi inayokubalika mbele ya safari ni ile ambayo wote wawili wanaijua, hivyo usiridhike na karatasi uliyosainiwa barazani jioni kwa mwenyekiti bila kumbukumbu namba. Ofisi nyingine ikipiga simu kuuliza, mtendaji akisema haioni kwenye jalada, umekwisha.

Halafu kuna mjumbe. Hapa pana mkanganyiko wa miaka mingi. Balozi wa nyumba kumi, ambaye wengi humwita mjumbe, ni mtu wa chama. Mfumo huo ulianzia enzi za TANU, na baada ya vyama vingi kurudi mwaka 1992 ulibaki ndani ya CCM. Balozi hana muhuri wa serikali na hakuna sheria inayomtaka mkazi apite kwake ili apewe huduma. Lakini katika eneo lililobanana kama Tandale, nyumba moja ina vyumba vinane pande mbili za korido na kila chumba kina familia yake, mwenyekiti hawezi kuwajua wote. Ndipo anapouliza, "Mjumbe wako nani?" Anatafuta mtu wa kumshuhudia kuwa unakaa hapo. Mjumbe wa kamati ya mtaa anatosha kabisa kwa kazi hiyo, na mwenye nyumba pia anatosha. Ukiona mtu anakudai kadi ya chama ili upewe barua, jua amevuka mipaka, na haki ya kupanda ngazi hadi kwa mtendaji wa kata unayo.

Mpangaji ndiye anayeumia zaidi. Baada ya shikamoo na marahaba, swali la mwenyekiti ni "Unakaa kwa nani?" Mpangaji wa miezi mitatu anamtaja mama mwenye nyumba, mama mwenye nyumba anapigiwa simu, naye anasema, "Yule kijana wa chumba cha uani? Jina lake hasa simjui, tunamwita Mchina." Barua haitoki siku hiyo. Dawa yake ni ndogo: ukihamia tu, nenda ofisi ya mtaa na mwenye nyumba au mkataba wako wa pango, ujiandikishe kwenye daftari la wakazi kwa majina matatu kamili. Hakuna anayefanya hivyo, nami nakiri wenyeviti wengine hulipokea jambo hilo kwa mshangao, lakini mwaka mmoja baadaye jina lako litakuwa kwenye mistari na mtu hatakuwa na sababu ya kukuzungusha.

Suala la anwani limekuwa rahisi kuliko zamani. Miaka kumi na tano iliyopita Tandale ilikuwa doa tupu kwenye ramani nyingi, mpaka mwaka 2011 wanafunzi wa Chuo Kikuu Ardhi waliposhirikiana na wakazi kuichora njia kwa njia, choo kwa choo, katika mradi ulioitwa Ramani Tandale. Mwaka 2022 ikaja operesheni ya anwani za makazi, na nyumba nyingi zikapata namba na vichochoro vikapata majina. Angalia namba iliyobandikwa au kuandikwa ukutani kwenu, uitoe kwa mtendaji aiweke kwenye barua. "Nyuma ya msikiti, geti la bluu" inamsaidia mwendesha bodaboda. Uhamiaji haiwasaidii.

Barua nzuri inataja majina yako matatu kama yalivyo kwenye kitambulisho cha taifa, herufi kwa herufi. Mtaa, kata na wilaya. Namba ya nyumba. Tangu lini unaishi hapo. Na kwamba inaombewa pasipoti. Ina kumbukumbu namba na tarehe. Ina picha yako, na muhuri umegongwa nusu kwenye picha na nusu kwenye karatasi. Isome mbele ya mtendaji kabla hujaikunja. Kumwomba mtendaji arekebishe herufi moja hapo hapo ni jambo la heshima, "Samahani mtendaji, hapa jina langu lina 'd' moja," na hatakasirika. Kurudi kesho yake na ombi hilo hilo ni jambo jingine.

Kuhusu fedha ya barua. Huduma hii ni ya mkazi, na zipo ofisi zinazoitoa bure na zipo ofisi zinazotaja "mchango wa ofisi" wa karatasi na wino. Malipo yoyote ya serikali siku hizi yana kumbukumbu namba ya malipo, ile ambayo sote tunaiita kontroo namba, na yana stakabadhi. Ukitajiwa kiasi, uliza kwa upole, "Naomba kontroo namba nilipie." Mara nyingi sentensi hiyo peke yake humaliza mazungumzo. Ikishindikana kabisa, TAKUKURU wana namba ya bure, 113.

Majina

Hapa ndipo faili nyingi zinapokufa, kwa hiyo nitakaa kidogo.

Tandale ni mji wa watu waliotoka sehemu mbalimbali. Baba alizaliwa Kisarawe au Kilosa, akaandikwa na katekista au na mwalimu wa madrasa kwa tahajia aliyoipenda yeye. Mtoto akaandikishwa shule kwa jina la baba mdogo aliyemlea. Alipofika darasa la saba mwalimu akapunguza jina moja kwa sababu fomu ilikuwa na nafasi ndogo. Kisha NIDA wakaandika walichosikia. Mohamed, Mohamedi, Muhammad na Mudi wamekuwa watu wanne, na wote wanne wanataka kusafiri kwenda Muscat kwa tiketi moja.

Kaa chini jioni moja na karatasi zako zote, zako na za mzazi. Andika majina kama yalivyo kwenye kila karatasi, moja chini ya nyingine, pamoja na tarehe ya kuzaliwa na mahali. Tofauti zote zitajitokeza. Namba yako ya kitambulisho cha taifa ina tarakimu 20, na 8 za mwanzo ni mwaka, mwezi na siku yako ya kuzaliwa. Zilinganishe na cheti. Watu wengi hawajawahi kufanya hivyo na hugundua dirishani kuwa serikali inawafahamu kwa miaka miwili zaidi.

Tofauti ndogo ya tahajia huweza kuelezwa kwa kiapo cha majina, mtu akiapa mbele ya wakili au hakimu kwamba majina haya mawili ni ya mtu mmoja. Tofauti kubwa, jina zima kubadilika, hutaka hati ya kubadili jina, ile ambayo mawakili huiita dipoli, na lazima isajiliwe kwa Msajili wa Hati ili iwe na nguvu. Usikubali iliyopigwa muhuri na wakili tu ukaambiwa imetosha. Na ukisharekebisha, rekebisha chanzo: hati hiyo hiyo ipeleke ofisi ya NIDA ya wilaya ili jina libadilishwe kwenye mfumo, kwa sababu mfumo wa Uhamiaji utakutafuta kwa namba ya NIDA, na utakachokiona hapo ndicho kitakachokwenda kwenye kitabu. Kitabu kikishachapwa na jina bovu, viza, tiketi na akaunti ya benki vyote vitaandikwa kwa jina bovu hilo hilo.

Mwanamke aliyeolewa halazimiki kuchukua jina la mume kwenye pasipoti. Akilichukua, jina hilo liwe limeingia NIDA kwanza, la sivyo ametengeneza mtu wa pili. Kwa maoni yangu, kama hakuna sababu kubwa, jina la kwenye cheti cha kuzaliwa ndilo la kubaki nalo; halina talaka.

Cheti chako na cheti cha mzazi

Vyeti vya kuzaliwa vinasimamiwa na RITA, na kwa kila wilaya msajili yuko kwenye ofisi ya mkuu wa wilaya. Aliyezaliwa Hospitali ya Mwananyamala anahusika na Kinondoni. Aliyezaliwa Kilosa, kumbukumbu zake ziko Kilosa, ingawa siku hizi maombi huweza kuanzia kwenye mfumo wa mtandaoni wa eRITA bila kupanda basi. Usishtuke ukiona cheti chako kinasema Kinondoni na mahali ulipozaliwa leo ni Ubungo, kama Sinza au Manzese. Wilaya ilimegwa, na cheti kiliandikwa kabla. Hakuna haja ya kukibadilisha.

Asiyekuwa na cheti ataandikishwa kama mtu aliyechelewa, na atatakiwa kuleta ushahidi: tangazo la kizazi la hospitali kama lilitunzwa, kadi ya kliniki, cheti cha ubatizo, cheti cha kumaliza shule, kitambulisho, na barua yetu ile ya mtaa. Hatua hii ina subira yake. Ianze hata kama safari bado ni ndoto.

Cheti cha mzazi kinawasumbua watu wa umri wote, kwa sababu Mtanzania aliyezaliwa kijijini miaka ya 1950 au 1960 aghalabu hakuandikishwa popote. Uhamiaji wanajua hilo, ndiyo maana kiapo kinakubaliwa. Mzazi akiwa hai, aape mwenyewe. Akiwa amefariki, aape ndugu mkubwa anayejua alizaliwa wapi, shangazi au baba mkubwa, na cheti cha kifo kiambatishwe. Kiapo kiseme jina la mzazi, mwaka na kijiji alichozaliwa, uraia wake, na kwamba wewe ni mtoto wake. Kama mzazi alikuwa na pasipoti ya zamani, zile zilizoacha kutumika Januari 2020, usiitupe: haivuki tena mpaka, lakini kopi yake humpa afisa picha nzuri ya ukoo wenu.

Neno moja kuhusu viapo vya kwenye steshenari. Pembeni ya ofisi nyingi za serikali yupo kijana mwenye kompyuta na kiapo kilichokwisha chapwa. Yeye hubadilisha jina tu na kukupeleka kwa wakili. Kazi yake si mbaya, ila husahau. Nimesoma kiapo ambacho aya ya kwanza mwapaji ni mwanamume wa Temeke na aya ya nne ni mjane wa Tanga. Kiapo ni maneno mbele ya sheria, na uongo ndani yake ni kosa la jinai, hata kama ni uongo wa mteja wa jana uliobaki kwenye kompyuta. Soma mstari kwa mstari kabla hujasaini.

Kama bado huna namba ya NIDA, utakwenda na fomu iliyogongwa muhuri mtaani na utahojiwa na afisa wa Uhamiaji kuhusu uraia wako kabla ya kupigwa picha. Zingatia hilo: wakati unaomba pasipoti, Uhamiaji tayari wameshakusikia mara moja. Kijiji cha babu ulichokitaja siku ile kiwe ndicho utakachokitaja tena. Aliyejiandikisha akasahau namba anaweza kuitafuta kwa kupiga *152*00# kwenye simu yake.

Fomu

Karatasi zikiwa zimekaa sawa, sasa jaza fomu. Inajazwa mtandaoni, kwenye tovuti ya Uhamiaji, eservices.immigration.go.tz. Anwani yoyote isiyoishia na go.tz iache, hata kama ina nembo ya bibi na bwana. Utajaza habari zako, za wazazi wako na za safari, utapata namba ya ombi na kontroo namba ya shilingi 20,000, utalipa kwa simu au benki, kisha utachapisha fomu na kusaini pale inapoelekeza.

Ukienda kujaziwa kwenye intaneti kafe au steshenari, hakuna aibu, lakini namba ya simu na barua pepe ziwe zako. Wale vijana hupenda kuweka barua pepe yao moja kwa wateja wote ili kazi iende haraka. Siku ombi lako litakapohitaji kufunguliwa tena, utaanza kumtafuta kijana aliyehama fremu. Namba ya ombi ipige picha na uiandike pia kwenye daftari.

Picha ipigwe studio, mbele ya ukuta wa bluu hafifu, na uvae nguo isiyofanana na ukuta. Hijabu haina tatizo ilimradi uso wote uonekane.

Ushahidi wa safari

Watu wengi hukasirishwa na swali "Unakwenda kufanya nini?" Wanaona pasipoti ni haki ya raia, basi wapewe. Nawaelewa. Lakini nikikumbuka Tandale na Manzese zinavyopeleka mabinti kufanya kazi za ndani Uarabuni, naona swali hilo lina kazi. Mwaka 2017 shirika la Human Rights Watch lilitoa ripoti kuhusu Watanzania wafanyakazi wa majumbani Oman na Falme za Kiarabu, na jambo lililojirudia humo ni mwajiri kuchukua pasipoti mara tu mtu anaposhuka. Binti aliyepewa pasipoti bila mtu kumuuliza anakwenda kwa nani ni yule yule atakayekosa mtu wa kumuulizia akikwama.

Mwanafunzi alete barua ya kukubaliwa chuoni. Mfanyabiashara wa kwenda Guangzhou, Dubai au Kampala alete leseni ya biashara na namba ya mlipakodi. Mgonjwa alete barua ya daktari, anayekwenda Hija alete barua ya taasisi inayomsafirisha, anayemtembelea ndugu alete barua ya mwaliko na kopi ya kitambulisho cha huyo ndugu. Anayekwenda kazini awe na mkataba, na wakala aliyemtafutia kazi awe na leseni. Hilo linaulizwa TaESA, chombo cha serikali cha huduma za ajira, kabla ya kumpa mtu hata senti. Wakala anayekwambia uandike "kutembea" wakati unakwenda kufanya kazi anakutengenezea kesi utakayoijibu peke yako, ugenini.

Siku ya Kurasini

Kurasini iko upande wa Temeke, na kutoka Tandale ni kuvuka mji mzima. Ondoka mapema. Beba nakala halisi za kila kitu pamoja na kopi, na kopi zitoe huku Tandale; pale mlangoni bei hupanda kwa kadiri ya haraka yako. Vishoka watakufuata kabla hujafika getini, wakikuita kaka, dada, bosi, wakisema wana mtu wao ndani. Mtu wao ndani hana anachoweza kukufanyia ambacho faili lililokamilika haliwezi. Na faili bovu likipitishwa kwa mlango wa nyuma hubaki bovu kwenye kumbukumbu kwa miaka 10.

Ndani karatasi zitakaguliwa, utahojiwa, utalipia shilingi 130,000 kwa kontroo namba, utapigwa picha na kuchukuliwa alama za vidole. Mahojiano ni maswali ya kawaida: umezaliwa wapi, umesoma wapi, baba alitoka kijiji gani, unakwenda wapi na kwa nini. Jibu kwa ufupi. Usilolijua sema hulijui. Babu aliyefariki kabla hujazaliwa hana sababu ya kuwa na tarehe kamili ya kuzaliwa. Wenye asili ya mikoa ya mipakani, hasa Kigoma na Kagera, hukaa kitini muda mrefu zaidi, na wabunge wa Kigoma wameshalilalamikia jambo hilo bungeni. Si haki kuwa hivyo, lakini ukijua litakukuta utajiandaa: beba karatasi za wazazi wote wawili, vyeti vya shule ya msingi ya kijijini, na ikiwezekana barua ya mtendaji wa kijiji cha ukoo wenu.

Mtoto aliye chini ya miaka 18 huombewa na mzazi au mlezi, kwa ridhaa ya maandishi ya wazazi. Mama anayelea peke yake aende na karatasi zinazoeleza hali hiyo, iwe cheti cha kifo, hukumu ya mahakama au kiapo, asisubiri kuulizwa. Na kama una msiba au mgonjwa Nairobi au Kampala na huwezi kusubiri kitabu, uliza hati ya dharura ya safari. Ni karatasi ya muda, inatosha kufika na kurudi.

Siku ya kuchukua, usiondoke dirishani haraka. Fungua ukurasa wa picha, soma majina yote, tarehe, jinsia na mahali pa kuzaliwa, kisha saini pale panapotakiwa. Kosa lililoonekana ukiwa bado umesimama hapo ni la kwao kulirekebisha. Likionekana wiki ijayo mtaanza kubishana ni la nani. Toa kopi mbili za ukurasa huo. Moja mwachie mama au mtu wa nyumbani unayemwamini, pamoja na namba ya simu ya unakofikia. Ya pili ipige picha, uitume kwenye barua pepe yako mwenyewe, usiihifadhi kwenye simu peke yake, maana pale stendi ya Manzese simu na pasipoti huibiwa kwenye mfuko mmoja. Ikitokea hivyo, kituo cha polisi kwanza kwa taarifa ya upotevu, Uhamiaji baadaye, na uwe tayari kueleza ilivyopotea. Na barua ya mtaa, bila shaka, utaiomba upya.